Princess Jully alisema tulichoogopa kusema

Mtu yeyote wa Migori au Homa Bay aliyekuwa mtu mzima mwishoni mwa miaka ya 1990 anaukumbuka wimbo wa Princess Jully, Dunia Mbaya. Ulipigwa kwenye matatu, kwenye baa, harusini, hata matangani. Ulikuwa wimbo wa kuchezeka, gitaa likienda mbio kama ilivyo desturi ya benga, muziki wa gitaa wa Wajaluo, na maudhui yake yalikuwa Ukimwi. Aliyeuimba hakuwa daktari wala mhubiri. Alikuwa mjane ambaye wengi walimjua, kabla ya jambo jingine lolote, kwa jinsi alivyokata kiuno jukwaani.

Naona tunamkumbuka nusunusu. Wimbo tunausifu, kiuno tunakionea haya, kana kwamba ni wanawake wawili tofauti. Mimi nashikilia kwamba bila kile kiuno ule wimbo usingesikika, na kwamba sisi wa Nyanza Kusini hatujawahi kuwaheshimu wala kuwalipa ipasavyo wanawake waliofanya kazi ya kuwaburudisha watu wazima kwa miili na vinywa vyao. Tumewatumia. Tumewacheka. Wengine tumewazika mapema.

Jina lake halisi lilikuwa Lilian Auma Aoka, mwenyeji wa Migori. Aliingia katika muziki kupitia bendi ya mumewe, Prince Jully, iliyoitwa Jolly Boys. Mwaka wa 1997 mume akafariki. Kwa kawaida bendi ya benga ikifiwa na kiongozi wake huvunjika, au humwangukia mpiga gitaa aliyekaa nayo muda mrefu. Hii haikuvunjika. Mjane alichukua maikrofoni na kuongoza wanaume waliokuwa wameajiriwa na mumewe. Asiyeijua benga huenda asitambue uzito wa jambo hilo. Benga ilikuwa boma la wanaume: D. O. Misiani na Shirati Jazz, aliyezaliwa ng'ambo tu ya mpaka upande wa Tanzania. Collela Mazee na Victoria Jazz. Okatch Biggy na Heka Heka. Mwanamke alijaa ndani ya nyimbo zao. Alisifiwa shingo, mwendo, pengo la meno na ukoo wa baba yake. Lakini wa kusifiwa ni mmoja na wa kushika maikrofoni ni mwingine. Princess Jully aliunganisha nafasi hizo mbili katika mwili mmoja, na watu hawakujua wamweke wapi.

Kwa ambao hawajawahi kuhudhuria usiku kama huo, nieleze ulivyo. Ni ua wa baa uliozungushiwa mabati, jenereta inanguruma nyuma, viti vya plastiki vimepangwa kuzunguka eneo la udongo lililonyunyiziwa maji ili vumbi litulie. Benga huanza kwa kuimba. Mwimbaji anataja watu, anasimulia mapenzi au msiba, na gitaa linamjibu pole pole. Kisha uimbaji unakoma, magitaa yanashika usukani peke yake, la solo likipanda juu na la besi likifukuzana nalo. Hapo ndipo mchezaji anaingia. Amefunga leso au sweta chini kidogo ya kiuno, fundo limekaa pembeni mwa nyonga, kwa hiyo hata mtetemo mdogo unaonekana kutoka kiti cha mwisho. Kichwa hakitikisiki. Mabega yametulia. Kinachofanya kazi ni kiuno peke yake, kwa kasi ya gitaa la solo, na uso wake unawatazama watu kana kwamba haujui kinachoendelea chini.

Mara mwanamume mmoja anainua mkono. Bendi inanyamaza ghafla. Huo ni wakati wa pakruok: anajitaja kwa majina ya sifa, anamtaja rafiki yake, shemeji yake, mpenzi wake, anatoa pesa, na bendi inarudi kwa kishindo. Anayetaka kumtuza mchezaji anakwenda hadi pale alipo na kumbandika noti kwenye paji la uso lenye jasho. Na mchezaji mzuri, huku akicheza, anapiga hesabu: nani ana pesa, nani amelewa, nani anamwonea wivu mwenzake, mkono upi unataka kuteremka mahali usipopaswa. Anasogea inchi mbili nyuma bila kupoteza mdundo na mlevi anabaki ameshika hewa. Huo ni ufundi, na haufunzwi shuleni.

Kesho yake asubuhi, yule yule aliyebandika noti anapita sokoni akimwita malaya.

Ohangla, muziki mwingine wa Wajaluo, ilipata matusi makubwa kuliko benga. Ngoma zake, zinazopigwa kwa fimbo, zilikuwa za pombe, arusi na matanga, na maneno yake yalikuwa wazi kuhusu mambo ya chumbani kiasi kwamba watoto walifukuzwa na makanisa yakawaonya waumini wasizikaribie. Miaka ya 2000 ilipoingia, Tony Nyadundo na wenzake waliifanya kuwa muziki wa kilabu hadi Nairobi, wakiiongezea kinanda. Katika kundi hilo la wanaume ndipo alipotokea Maureen Achieng, mwanamke wa Kaunti ya Migori tuliyemjua kwa jina la Lady Maureen. Sauti yake ilikuwa ya mkwaruzo, ya mtu asiyeomba ruhusa. Aliimba na kucheza kama mwanamke anayetaka, si kama mwanamke anayetakwa tu, na hilo ndilo lililowakera wengi kuliko urefu wa sketi. Alipougua kwa muda mrefu na kudhoofika, kila mtu alijigeuza daktari wa kubashiri ugonjwa wake. Alifariki akiwa bado kijana. Wanamuziki wa kiume nao wamekufa mapema, tena wengi, lakini sikumbuki tukijadili mwenendo wao juu ya jeneza kwa ari ile.

Watu husema wanawake hawa waliharibu mila. Ningependa kuwauliza ni mila ipi. Katika boma la Wajaluo wa zamani, msichana akikaribia kuvunja ungo aliacha kulala nyumba ya mama yake, akaenda siwindhe, nyumba ya bibi. Bibi hakufundisha kupika peke yake. Alifundisha mambo ya mwili: mwanamume ni nini, ukubali nini, ukatae nini, ukatae vipi. Alifundisha kwa hadithi, kwa vitendawili na kwa maneno ambayo leo yangemfungisha redio. Wavulana nao walikuwa na duol, mahali wazee walipoota moto. Kwa hiyo mazungumzo ya chumbani hayakuletwa na gitaa. Yalikuwepo, yalikuwa na mwalimu, na yalikuwa na mpaka kuhusu nani asikie na nani asisikie. Misheni na shule ya bweni ziliifunga siwindhe, na hazikuweka kitu mahali pake.

Wenzetu wa pwani walikuwa na bahati ya kuyahifadhi mafunzo kama hayo. Bi Kidude wa Zanzibar, Fatuma binti Baraka, alipiga ngoma ya unyago na kuwafunda wanawali mambo ya ndoa kwa mwili na kwa wimbo hadi uzeeni. Mwaka wa 2005 alipewa tuzo ya WOMEX, na alipofariki Aprili 2013 alizikwa kwa heshima ya taifa zima. Alikunywa, alivuta sigara, alisema alichotaka, na watu wakajifunza kumheshimu hivyo hivyo alivyo. Sijui kwa nini kinachoitwa hazina kule Unguja kiitwe uchafu Awendo.

Turudi kwenye Ukimwi, kwa kuwa hapo ndipo hoja yangu inaposimama au kuanguka.

Kisa cha kwanza nchini Kenya kilitambuliwa mwaka wa 1984. Katika miaka kumi na mitano iliyofuata, ukanda wa ziwa ulizika watu kwa kasi ambayo aliyeiona haisahau: makaburi mapya nyuma ya nyumba, maboma yaliyoachiwa watoto, bibi mmoja akilea wajukuu sita. Ilisemwa ni chira, laana ya aliyevunja mwiko. Ilisemwa ni kurogwa. Kwenye ibada ya mazishi padre alisema marehemu ameugua kwa muda mrefu, na kila mtu alielewa, na hakuna aliyesema. Mwaka wa 1996 kule Nairobi viongozi wa dini, Kadinali Maurice Otunga miongoni mwao, walichoma mipira ya kondomu hadharani. Rais Moi alitangaza Ukimwi kuwa janga la taifa Novemba 1999. Kati ya kisa cha kwanza na tangazo hilo kuna miaka 15.

Ndani ya kimya hicho ndipo Dunia Mbaya ilipoingia. Mjane wa Migori, akiwa amefunga sweta kiunoni, mbele ya wanaume wenye chupa mkononi, alitamka jina la ugonjwa. Hakuutamka kwa hofu wala kwa hukumu. Aliuweka ndani ya mdundo uliowatoa watu vitini, na aliyekuwa akicheza alijikuta akiimba kwa kinywa chake kile ambacho asingethubutu kukisema mbele ya ndugu zake. Nadhani ndiyo sababu wimbo ulipenya mahali ambapo mabango ya wizara hayakupenya. Bango linamwonya mtu akiwa peke yake barabarani. Wimbo ulimkuta pale pale alipokuwa akitongoza.

Na ni yeye aliyepaswa kuuimba. Mhubiri angeimba maneno hayo hayo, walevi wangemwambia arudi kanisani. Yule aliyesimama pale alijulikana kuwa anakijua kitu kinachoitwa tamaa. Alikuwa akiishi kwa kukichezesha usiku kucha. Alipoonya, hakuna aliyeweza kumwambia kwamba haelewi utamu wa anachokikataza.

Kwingineko Afrika ilikuwa vivyo hivyo. Kule Zaire, Franco Luambo aliwahi kufungwa mwaka wa 1978 kwa sababu ya nyimbo zilizohukumiwa kuwa za matusi. Ni yeye aliyetoa Attention na SIDA mwaka wa 1987, wakati wakubwa wengi barani walikuwa wakificha nyuso. Uganda, Philly Lutaaya alijitokeza mwaka wa 1989 na kusema kwamba yeye mwenyewe anaugua. Alifariki Desemba ya mwaka huo huo, na nchi yake ikabadilika namna ya kuzungumza. Waliotangulia kusema ni watu wa jukwaa, watu wa usiku. Franco na Lutaaya leo wanatajwa popote historia ya janga hili inapofundishwa. Princess Jully anabaki kuwa kumbukumbu ya walevi.

Sidai kwamba wimbo ulipunguza maambukizi. Waliofanya hivyo ni wauguzi, dawa zilizoanza kuenea hospitali za umma katikati ya miaka ya 2000, upimaji, na tohara ya hiari iliyoanza Nyanza mwaka wa 2008. Bado vita havijaisha: utafiti wa kitaifa wa 2018 ulikuta asilimia 19.6 ya watu wazima wa Homa Bay wanaishi na virusi na takriban asilimia 13 Migori, ilhali wastani wa nchi ulikuwa asilimia 4.9. Lakini mtu hajitokezi kupimwa ugonjwa ambao hauwezi kutajwa. Kuutaja kulikuwa kazi, na kazi hiyo ilikuwa na mfanyakazi.

Nenda fukwe za Mbita, Sindo, Sori au Muhuru Bay uone ni nani hasa aliyehitaji kuambiwa. Mwanamke anayeuza omena hana mashua. Mwenye mashua ni mwanamume, na samaki wakiwa haba humpa yule aliye na uhusiano naye. Tunauita jaboya, na kila mtu anajua unavyofanyika. Mwanamke huyo anauza mwili ili apate ndoo ya kuanika, na jioni anakwenda kumtazama mwanamke mwingine akiuchezesha wake kwa malipo. Nimewasikia wanawake wa ufukweni wakiwazungumzia wachezaji wa ohangla kwa heshima ambayo sijaisikia kanisani. Wanasema yule angalau analipwa mbele za watu.

Siwezi kuandika haya nikajifanya kwamba jukwaa ni peponi. Mchezaji wa kawaida, asiye na jina kubwa, hulipwa vibaya. Noti alizobandikwa huingia kwenye mfuko wa bendi na yeye hupewa kiasi atakachoona kiongozi. Akipata mimba nafasi yake inachukuliwa wiki hiyo hiyo. Wapo waandaaji wanaoona kwamba wakikulipa kucheza wamekulipa na kulala nao. Haya ni makosa ya jinai na ya mikataba, na ndiyo hasa yanayotokea kazi inapoitwa aibu. Mtu unayemwita mchafu ni rahisi kumnyima mshahara, kwa maana akilalamika hakuna atakayemsikiliza.

Wala sisahau disko matanga, zile dansi za usiku kwenye misiba. Wazazi wa Ndhiwa na Uriri wana haki ya kukasirika. Wasichana wa shule wameharibiwa maisha katika usiku wa matanga, na takwimu za afya za 2022 zilionyesha kwamba asilimia 23 ya wasichana wa Homa Bay wenye umri wa miaka 15 hadi 19 waliwahi kushika mimba. Hilo ni jeraha. Lakini aliyempa mtoto mimba si spika. Ni mwanamume mtu mzima, mara nyingi anajulikana kwa jina na boma, na Sheria ya Makosa ya Ngono ya mwaka wa 2006 ipo. Chifu anayenyang'anya vyombo vya muziki na kumwacha mwanamume huyo aende nyumbani amefanya nusu ya kazi, nusu iliyo nyepesi. Watoto wasiwepo pale. Katika hilo nakubaliana na wazazi moja kwa moja. Bibi wa siwindhe angekubali pia.

Jambo linalonikosesha raha zaidi leo ni simu. Zamani kidogo kulikuwa na vibanda vya video kwenye fukwe na vituo vya soko, vilivyoonyesha filamu za mapigano mchana na picha za ngono usiku, shuka likiwa limefunika dirisha. Baadaye akaja kijana wa kujaza nyimbo kwenye kadi ya memori: unampa shilingi chache, anakuwekea ohangla, rhumba, injili, na ukimnong'oneza anakuwekea na zile nyingine. Sasa hata yeye hahitajiki. Bando la shilingi ishirini linatosha, na mtoto wa darasa la saba anaangalia chini ya blanketi kile ambacho hakuna bibi aliyemweleza. Katika Kanuni ya Adhabu, kifungu cha 181, kusambaza picha chafu bado ni kosa, na faini iliyowekwa, shilingi 7,500, inaonyesha wazi ni ya zama gani. Bodi ya kuainisha filamu ilishughulika mwaka wa 2019 na nyimbo za Wamlambez na Tetema, ikisema ziishie kwenye vilabu. Wakati huo picha zenyewe zilikuwa zimeshafika kila mfuko wa suruali.

Wanawake wa kwenye filamu hizo ni wafanyakazi pia, na siwatukani. Wengine wamechagua, wengine wamelazimishwa, na tatizo ni kwamba anayetazama hawezi kujua. Hana jina lao. Hajui wametoka boma gani, wamelipwa au hawakulipwa, wamekubali au wamepigwa. Hawamwambii lolote. Hakuna anayesimamisha picha katikati na kusema: ndugu yangu, jihadhari, watu wanakufa. Princess Jully na Lady Maureen walikuwa na majina na makwao. Ungewaudhi wangekuimba, wewe na ukoo wako. Walikutazama usoni. Walijua ni wakati gani wa kukuchekesha na wakati gani wa kukutisha. Burudani ya watu wazima iliyokuwa na mwenyewe tumeitupia mawe, na ile isiyo na mwenyewe tumeifungulia mlango wa chumba cha watoto.

Wanasiasa wetu hawajambo kwa kuukumbuka muziki huu kila baada ya miaka mitano. Hakuna mkutano wa kampeni kutoka Rongo hadi Kendu Bay usiokuwa na ohangla, na wachezaji hupandishwa juu ya lori wakate viuno ili umati usiondoke kabla mheshimiwa hajafika. Kura zikishahesabiwa, serikali za kaunti, zilizokabidhiwa shughuli za utamaduni na Katiba ya 2010, hurudia kuzungumzia mila kwa lugha ya vibuyu na ngao. Nyatiti, kinubi cha Wajaluo, inapewa nafasi yake katika sherehe, na inastahili. Dodo, ngoma ya akina mama, nayo huitwa wageni wanapokuja. Mwanamke wa ohangla haitwi.

Ninachokidai ni vitu vya kushikika. Mahojiano na wachezaji na waimbaji wanawake wa benga na ohangla yarekodiwe na kuhifadhiwa wangali na nguvu ya kusimulia. Kila bendi inayolipwa kwa fedha za umma ionyeshe mkataba wa kila mchezaji, na malipo yaende kwenye simu ya mchezaji mwenyewe. Dunia Mbaya itajwe katika historia ya Ukimwi inayofundishwa kwa wauguzi wetu wanafunzi, pamoja na jina la aliyeiimba na kazi aliyokuwa akiifanya, bila kuificha. Tena, mirabaha ifuatiliwe. Sheria ya Hakimiliki ya 2001 inalinda kazi ya mwandishi wa wimbo hadi miaka 50 baada ya kifo chake. Maana yake ni kwamba nyimbo za kizazi hiki chote, zinazopigwa leo kwenye baa na matatu zetu, bado zina wenyewe au warithi wao, na wengi wa warithi hao hawajawahi kupokea hata shilingi. Mabunge ya kaunti ya Migori na Homa Bay yanaweza kumwajiri wakili mmoja wa kuwaandikisha, na kumlipa, kwa pesa ambazo mheshimiwa mmoja hutumia kukodi lori, spika na wachezaji katika wiki ya mwisho ya kampeni.